Ukuta Ndio Bahari

Tulikuwa tisa, na mvua ilikuwa ile
isiyoamua kunyesha wala kukoma.
Deolinda alitukusanya mbele ya duka la vitasa,
mwavuli mwekundu ameuinua ungali umefungwa,
kama mwalimu wa chekechea.
Leo hatuendi mtoni, alisema.
Daraja mmeshaliona kwenye kadi za posta,
mvinyo mtaunywa bila msaada wangu.
Leo tunaingia Porto kwa mlango wa uani.

Mwenyeji nilikuwa mimi peke yangu.
Niliona haya kusema.
Miaka kumi na tisa natengeneza lifti za mji huu,
napanda na kushuka ndani ya nyumba za watu,
na Bonfim nilikuwa nikiipita
kama mtu apitavyo kando ya kitanda cha aliyelala:
kwa ncha za vidole, bila kutazama.

Akasukuma mlango wa kijani
ambao ungedhani ni wa stoo.
Ndani, ujia wa upana wa mabega mawili,
vijumba upande mmoja, kimoja kimeegemea kingine,
shuka zikitudondoshea maji shingoni,
na sukuma wiki, ndefu kama mtoto wa darasa la tatu,
imesimama kwenye ndoo za rangi.
"Tunaviita visiwa," alisema.
Mwanamume wa Rotterdam akauliza bahari iko wapi.
"Ukuta ndio bahari.
Tajiri alikaa mbele, kwenye vigae vya buluu.
Wafumaji aliwaweka nyuma,
karibu na kiwanda, mbali na macho."

Choo kimoja kwa nyumba kumi na nne.
Siku hizi ni banda la baiskeli.

Namba kumi na moja akasimama,
sauti yake ikawa ya kitabu.
"Hapa iliishi familia ya watu saba.
Baba alitia nyuzi rangi;
alizikwa na kucha za zambarau.
Kitinda mimba, msichana, hakupata kitanda.
Alilazwa ndani ya droo ya kabati,
na usiku wa ugomvi
mama aliisukuma droo kidogo, kidogo tu,
ili asisikie."

Tukatikisa vichwa.
Mtu akapiga picha ya kizingiti.

Hapo dirisha la namba kumi na mbili likafunguka.
Bibi mmoja, vibanio vya nguo mdomoni,
akavitoa kimoja kimoja ndipo aseme:
"Lindinha, mbona humalizi?
Waambie droo ilikwama.
Waambie ulilia hadi ukanyamaza,
na mimi nikaja na nyundo."

Mwavuli ukashuka.

Bibi Ermelinda akatuhesabu kwa kidole.
Wamelipa kiasi gani hawa?
Euro kumi na mbili, nikajibu,
maana wengine Kireno kiliwapita juu.
"Kila mmoja? Kwa hela hiyo
ningewaonyesha hata meno yangu, yako kwenye bilauri."
Akacheka peke yake. Kisha akacheka Deolinda,
kicheko cha mtu aliyekutwa akilamba sukari kwao.

Yaliyobaki alituambia kwa mgongo, akitembea:
jengo linauzwa. Wanunuzi wanataka vyumba
vya wageni wa siku mbili mbili.
"Kila Jumamosi nawaleta watu wakione, kisife.
Na kila Jumamosi hakosi mmoja
wa kuniuliza bei."
Mtu wa Rotterdam aliinama kufunga kamba za viatu
ambazo zilikuwa zimefungwa.

Jioni, kando ya duka ninaponunua mkate,
niliuona mlango wa kijivu
niliodhani siku zote ni wa mita za umeme.
Ulikuwa wazi kwa upana wa kiganja.
Ndani, ujia. Soksi sita kwenye kamba.
Sikuingia; nani alinialika?
Nilisema tu habari za jioni kuliambia giza,
na giza, baada ya kukohoa,
likaniuliza mimi ni wa nyumba gani.